Kasumaku ka spika kanaishinda dunia nzima? Wajuzi njooni

FundiSpika
Wakuu habari za jioni. Niko Tabora, Isevya, kibandani kwangu natengeneza maredio na sabwufa. Leo kuna kitu kimeniumiza kichwa. Nimetoa sumaku kwenye spika mbovu, ndogo tu kama kizibo cha soda, sasa skrubu ikanidondoka chini ya meza nikaishusha ile sumaku, kabla haijagusa skrubu ikaruka yenyewe tap ikanata. Nikakaa nikawaza, hivi dunia yote hii na milima yake na maziwa yake inaivuta skrubu moja chini, halafu kasumaku haka kanainyang'anya hivihivi? Si ina maana graviti ni dhaifu? Jirani yangu muuza vocha anabisha, anasema graviti na sumaku ni kitu kimoja, eti katikati ya dunia kuna lisumaku likubwa ndo linatushikilia tusipeperuke. Tumewekeana soda. Nani anakunywa?

Mwisho_wa_Reli
Hahaha ingekuwa hivyo basi mwenye vyuma mguuni baada ya ajali ya bodaboda asingeinuka kitandani 😂

SkrepaKigoma
Mie sina fizikia nyingi ila sumaku ndo kazi yangu, nanunua vyuma chakavu huku Kigoma. Nina sumaku nimeifunga kamba, mtu akileta mzigo naipitisha kwanza maana watu wana mambo, anakuletea kitu kinang'aa rangi ya shaba kumbe chuma kimepakwa tu, sumaku ikinata biashara imeisha hapohapo. Shaba yenyewe hainati. Sufuria za aluminiamu hazinati, brasi hainati, hata stenlesi nyingine hazinati. Ila zote nikiziweka kwenye mizani zinasoma kilo, tena aliyeleta anakodolea mshale macho kuliko mimi. Sasa mwambie huyo jirani, kama kinachovuta chini ni sumaku, shaba inasomaje kilo?

FundiSpika
Mkuu hiyo ya mizani nimeipenda, kesho asubuhi naenda nayo

Ticha_wa_Fizikia
SkrepaKigoma kamaliza nusu ya kazi, ngoja niongezee.

Graviti haichagui. Kitu chochote chenye masi, yani kile kiasi cha kitu tunachokipima kwa kilo, kinavuta na kinavutwa, embe, dagaa, shaba, wewe na mimi. Ila inavuta tu, haijawahi kusukuma. Sumaku ina ncha mbili, kaskazini na kusini, zinazofanana zinasukumana na tofauti zinavutana, na vitu inavyovinata ni vichache: chuma, nikeli, kobalti na baadhi ya michanganyiko yao.

Kuhusu lisumaku la katikati ya dunia, jirani kashika kitu ila kakikosea. Dunia kweli ni sumaku, William Gilbert wa Uingereza aliandika hivyo tangu 1600. Lakini sio lipande limekaa pale katikati, kwa sababu chuma kikifika nyuzi 770 hivi za Selsiasi kinapoteza usumaku wake na huko ndani joto ni maelfu ya nyuzi. Inatokana na chuma kilichoyeyuka kinavyozunguka huko chini na kuzalisha umeme. Tena ni hafifu mno, inatosha kugeuza sindano ya dira basi, haiwezi kukuinulia hata skrubu. Halafu mwezini hakuna sumaku kama hii ya dunia, lakini 1971 mwanaanga David Scott wa Apollo 15 aliachia nyundo na unyoya vikaanguka pamoja. Nani alivivuta?

Sasa swali lako la nguvu. Uko sahihi fundi, graviti ni dhaifu ajabu. Sumaku ni ndugu wa damu na umeme, mwanasayansi Ørsted wa Denmark aliona 1820 waya wenye umeme unageuza dira. Ukichukua protoni mbili, vile vichembe vyenye chaji ya umeme ndani ya atomu, nguvu ya umeme inayozisukuma zitengane inazidi graviti inayozivuta kwa mara kama moja yenye sifuri 36 mbele yake. Dunia inatushika kwa sababu tu ni kubwa, kilo 6 zikifuatwa na sifuri 24.

Kibirizi_Boy
Ticha hapo umeniacha. Kama sumaku ina nguvu kiasi hicho mbona mwezi unashikwa na graviti, sumaku iko wapi?

Ticha_wa_Fizikia
Swali zuri. Sumaku inajiua yenyewe: ncha moja inavuta, nyenzake inasukuma, ukienda mbali zinafutana. Sumaku mbili ndogo zilizoachana, ukizidisha umbali mara mbili nguvu inashuka mara 16. Graviti inashuka mara 4 tu, na haina cha kuifuta, kila kilo inaongezea. Na umbali unahesabiwa toka katikati ya dunia, kilometa 6,371. Ndo maana gunia la dagaa la kilo 50 hapo Kibirizi ukilipandisha kilometa nzima juu linapungua kama gramu 16 tu. Na hizo utaziona kwa mizani ya springi, ya mawe haioni kitu maana mawe nayo yamepungua.

Kibirizi_Boy
Gramu 16 hapa wachuuzi wanazila wakikuangalia usoni 😂 ila nimeelewa

FundiSpika
Wakuu mrejesho. Nimejaribu umbali. Nimeweka daftari la kurasa 96 kati ya sumaku na skrubu, sumaku juu skrubu chini, ikashika. Nikaongeza la pili, nikaachia mkono, chwaa ikaanguka. Yani madaftari mawili tu dunia ishachukua skrubu yake. Jirani kaangalia kimya, nikampa na kipande cha waya wa shaba ajaribu mwenyewe, kakigeuzageuza kwenye sumaku wee, hakuna kitu, kukiachia kikaanguka kwenye kidole changu. Soda kakubali, ila anasema alisema ndogo.

SkrepaKigoma
Huo waya una uzito gani mkuu, unauza?