Marrella splendens: awekwe na trilobiti, upande wa kaa, au katika tawi lake mwenyewe?

Pingili_Moja
Wanajukwaa, ninaandaa chati ya ukoo wa arithropodi (wanyama wenye gamba la nje na miguu yenye viungo) wa kipindi cha kale cha Kambri, na anayenikwamisha ni Marrella splendens, ambaye mtaalamu wa visukuku Charles Walcott alimpata mwaka 1909 katika miamba ya Burgess Shale nchini Kanada na kumpa jina la kisayansi mwaka 1912. Ninaona mapendekezo matatu: awekwe karibu na trilobiti (arithropodi wa baharini waliokwisha kutoweka), awekwe pamoja na arithropodi wenye mandibula (taya), yaani kaa, kamba, wadudu na majongoo, au aachwe katika tawi lake, Marrellomorpha, lililochipuka mapema kutoka kwenye shina la arithropodi wote. Naomba hoja zinazotokana na maumbile.

Mwamba_Tope
Basi tuutazame mwili kwanza. Wakubwa kabisa walifikia urefu wa takriban sentimita 2 na nusu tu. Kichwa kilikuwa na ngao yenye jozi mbili za miiba mirefu iliyopinda kuelekea nyuma, moja ikitanuka ubavuni na nyingine ikipita juu ya mgongo hadi karibu na mwisho wa mwili. Chini ya ngao hiyo kulikuwa na jozi ya papasi (vipapasio) ndefu na nyembamba, kisha jozi ya pili iliyo fupi, nene na yenye manyoya mengi, ambayo yaelekea ilitumika kuogelea. Baada ya hapo zilifuata pingili 24 hadi 26 zilizozidi kuwa ndogo kuelekea mkiani, kila moja ikiwa na jozi ya miguu yenye matawi mawili: la ndani la kutembelea na la nje lenye nyuzi za matamvua. Visukuku vingi vina doa jeusi upande wa nyuma. Hilo ni umajimaji wa mwili uliokamuliwa nje mzoga ulipokuwa ukioza, kwa hiyo usilichore kana kwamba ni kiungo.

Nge_wa_Kale
Mimi ningemweka karibu na trilobiti. Walcott mwenyewe alimhesabu miongoni mwao, na miguu yenye matawi mawili iliyojipanga kwa mfululizo chini ya mwili mzima ni ileile tunayoiona kwa trilobiti waliohifadhiwa vizuri. Papasi nazo ni jozi moja kwa wote wawili.

Bahari_Kuu
Ndugu Nge, miguu ya matawi mawili imeenea mno miongoni mwa arithropodi wa kale, hivyo haithibitishi undugu wa karibu. Trilobiti ana gamba la mgongoni lililoimarishwa kwa madini ya kalisiti na kugawanyika katika sehemu tatu kwa urefu, na viungo vya kichwa vinavyofuata papasi vinafanana sana na miguu ya mwilini. Marrella hana gamba la namna hiyo, na kiungo chake cha pili cha kichwa hakifanani hata kidogo na miguu inayokifuata. Mtaalamu wa visukuku Harry Whittington alipochunguza upya visukuku vya Marrella na kuchapisha matokeo mwaka 1971, alimtenga na trilobiti. Kwangu mimi kiungo hicho cha pili ndicho kiini cha mjadala, kwa kuwa nafasi yake ni ileile ya papasi za pili za kaa na kamba. Ndiyo maana ninaelekea upande wa wenye mandibula.

Mwamba_Tope
Nafasi inalingana, mkuu, lakini mandibula zenyewe ziko wapi? Kundi linalotambulishwa kwa taya haliwezi kumpokea kwa urahisi mnyama asiye na taya hizo. Pendekezo la tatu lina ushahidi ambao hamjautaja: katika miamba ya Hunsrück nchini Ujerumani, ya kipindi cha Devoni, yuko Mimetaster, ambaye naye ana ngao ya kichwa yenye miiba mirefu na mwili wa pingili nyingi ndogo. Kati yake na Marrella, aliyeishi takriban miaka milioni 508 iliyopita, ipo miaka milioni 100 hivi. Ukoo uliodumu kiasi hicho unastahili tawi lake, hata kama tunabishana lilichipukia wapi.

Nge_wa_Kale
Hoja ya kiungo cha pili nimeikubali. Na kile kisukuku kilichotangazwa mwaka 2004, kinachoonyesha Marrella akiwa katikati ya kujivua gamba, hakisaidii upande wowote?

Bahari_Kuu
Ni kisukuku cha ajabu, kwa sababu tendo hilo humalizika haraka na ni nadra mno kuhifadhiwa, lakini kwa uainishaji hakiamui lolote: arithropodi wote hujivua gamba. Hali ni hiyohiyo kwa mistari midogo sana ya kwenye miiba, inayodhaniwa kuwa iliifanya ing'ae kwa rangi nyingi.

Pingili_Moja
Nawashukuru. Nitachora Marrellomorpha kama tawi linalojitegemea, likiwa na Marrella na Mimetaster, na kuliunganisha na shina kwa mstari wa nukta chini ya mgawanyiko wa wenye mandibula. Mstari wa pili wa nukta utaelekea upande wa Bahari_Kuu. Wa trilobiti ninaufuta.