Naombeni ushauri, Ukuti ukuti kwenye muvi ya kutisha

Habari zenu wakuu, mimi na wenzangu hapa Bagamoyo tunataka kushuti muvi fupi ya kutisha kule Kaole, sasa nikapata wazo la kutumia Ukuti ukuti, yani watoto wameshikana mikono wanazunguka jioni chini ya minazi wanaimba taratibu mnooo, wakifika "watetemeka" wote kimya inabaki sauti moja tu na haijulikani ni ya nani. Mbinu yenyewe ya siku nyingi, dairekta Fritz Lang kwenye muvi yake M ya 1931 anaanza na watoto wanacheza uani wanaimba habari za muuaji, na A Nightmare on Elm Street ya 1984 wakageuza wimbo wa watoto wa kuhesabu ukawa wa Freddy, yule muuaji wa kwenye muvi hiyo. Inatisha kwa sababu wimbo unaujua toka utoto.

Shida bibi yangu kasema tusiwaharibie watoto wimbo wao, na bibi namheshimu sana. Halafu hao watoto wenyewe bado wadogo, sitaki waote ndoto mbaya. Mliowahi kushuti na watoto, sauti mnarekodi mchana wakicheza kawaida ndo mnapunguza spidi kwenye kuediti? Wazazi mnawaeleza stori yote? Na bibi nimwambieje jamani?