Je, "sorry" ya Waingereza ni pole au ni samahani?

Mkalimani wa Tanga

Wanajukwaa, salaam. Wiki iliyopita nilikuwa nikiteremka ngazi za ofisini pamoja na mgeni wetu kutoka Uingereza, akajikwaa na faili zake zikatawanyika sakafuni. Nikamwambia "sorry" huku nikimwokotea karatasi, kama ambavyo ningempa pole mtu yeyote. Akanitazama kwa mshangao, akasema si mimi niliyemwangusha. Kazi yangu ni kutafsiri, kwa hiyo swali hili halinitoki: asili ya neno hili ni kuomba radhi au ni kumhurumia aliyepatwa? Je, sisi tunaolitumia kama pole tunakosea?

Mwalimu Mstaafu

Ndugu yangu, hukukosea. Neno hili lilianzia upande wa maumivu. Katika Kiingereza cha kale, kilichosemwa kabla ya Wanormani kuivamia Uingereza mwaka 1066, lilikuwa "sarig", yaani mwenye uchungu, kutokana na "sar", maumivu au jeraha, ambalo ndilo lililozaa "sore", neno wanalolitumia hadi leo kwa koo linalouma. Wengi hudhani limetokana na "sorrow", huzuni, kwa kuwa yanakaribiana kwa sauti na kwa maana, lakini hilo lina mzizi wake mwingine na ni ndugu wa "Sorge" ya Kijerumani, wasiwasi. Macbeth wa Shakespeare anapoitazama mikono yake yenye damu ya mfalme na kusema "a sorry sight", hamwombi mtu radhi. Anasema hayo ni mandhari ya kutia simanzi. Wenyeji wa asili wa Australia nao, wanapozungumza Kiingereza, huziita shughuli za msiba "sorry business". Radhi iliingia baadaye: aliyekosa husema anaumia moyoni kwa alilotenda, na aliyekosewa huyapokea maumivu hayo kama ombi la msamaha.

Mfasiri wa Nyaraka

Namshukuru Mwalimu, ila asili ya neno haimwamulii mfasiri. Aprili 2001 ndege ya upelelezi ya Marekani iligongana na ndege ya kivita ya China karibu na kisiwa cha Hainan; rubani wa Kichina akafa, na Wamarekani 24 wakashikiliwa. China ilitaka iombwe radhi. Barua ya Marekani ikasema "very sorry" mara mbili, kwa kifo cha rubani na kwa ndege kutua bila idhini. Beijing ikaieleza kuwa ni radhi, Washington ikashikilia kuwa ni masikitiko tu, na wale 24 wakarudi kwao. Kiswahili kisingewapa mwanya huo, kwa kuwa pole ingeifaa Washington na samahani ingeifaa Beijing, wala hakuna neno letu moja linalobeba yote mawili.

Jambo hili halituhusu kwa mbali. Oktoba 2023 mfalme Charles, akiwa Nairobi, alizungumzia "sorrow" na "regret" kwa maovu ya enzi ya ukoloni, lakini hakuomba radhi rasmi. Anayetafsiri hotuba ile akaandika "aliomba radhi" atakuwa amempa mfalme neno ambalo hakulitoa, na atakuwa amewadhulumu wanaoendelea kulingoja.

Binti Mombasa

Kwa mazungumzo ya kawaida, shikamoo Mwalimu, naongeza dogo. Waingereza wenyewe bado wana "sorry" ya pole: kwa mfiwa husema "I'm so sorry for your loss", na hakuna anayewadhania kuwa wauaji. Kinachowashtua ni neno likisimama peke yake mtu anapojikwaa, kwa maana hapo wao hulisikia kama kukiri kosa. Kwetu, na hata Nigeria na Ghana, hilo ni jambo la kawaida. Mgeni wako angeulizwa tu kama ameumia, angeelewa.

Mkalimani wa Tanga

Marahaba kwa niaba ya Mwalimu, na ahsanteni nyote. Mezani nilikuwa na barua ya kampuni moja kwa wateja waliocheleweshewa mizigo, yenye maneno "we are sorry for the delay", nami nilikuwa nimeandika "tunasikitika kwa ucheleweshaji". Nimefuta. Waliochelewesha ni wao wenyewe, kwa hiyo sasa inasomeka: "Mtuwie radhi kwa kuwacheleweshea mizigo yenu."