Acheni kuwapigia mabibi harusi wimbo wa Darr!

Wakuu, leo sina staha. Jumamosi nilikuwa harusini, bibi harusi anaingia ukumbini, DJ akaachia Jaadu Teri Nazar. Mashangazi vigelegele, MC anajitia kuimba Kihindi. Mimi nimeduwaa na sahani yangu ya pilau, maana usiku wa kuamkia siku hiyo nilikuwa nimeirudia Darr, ile filamu ya Kihindi wimbo huo ulikotoka, mwanzo mwisho, mara ya kwanza tangu enzi za kukodi mikanda.

Hivi kuna aliyewahi kuuliza ule wimbo unasema nini? Kibwagizo kinamwambia Kiran, binti wa kwenye picha: ukubali, ukatae, wewe ni wangu. Na anayeuimba si mchumba wake! Ni Rahul, jamaa anayemwandama, kajificha, na binti wa watu anahangaika kuitafuta sauti akidhani ni Sunil wake. Ndio mnampigia bibi harusi huo.

Utotoni tulishajiamulia kwamba stelingi ni Shah Rukh Khan, yaani Rahul. Vijana wa mtaani walijitia kigugumizi, "K-K-K-Kiran", kila msichana akipita. Kumbe stelingi ni Sunny Deol, yaani Sunil, komando wa jeshi la maji, ambaye sisi tulimwona mkorofi tu anayeingilia mapenzi ya watu. Sunny mwenyewe alikuja kulalamika hadharani kwamba hakujua adui angetukuzwa vile. Ana haki yake mzee.

Yash Chopra, mwongozaji wa picha, naye alitupika tukaiva. Rahul anampigia simu mama yake aliyekwisha kufa, anamsimulia habari za Kiran kwa sauti ya mtoto, nawe unajikuta unamwonea huruma. Anajichora jina la Kiran kifuani kwa kisu, nasi tukasema huyu kapenda. Siku ya Holi anaingia hadi nyumbani kwao, uso kaupaka rangi asijulikane. Na Kiran je? Picha nzima analia, anakimbia, anajifungia. Hata fungate Uswisi, jamaa kamfuata. Nani kati yetu anaukumbuka uso wa Juhi Chawla, aliyeigiza Kiran, pale simu inapoita? Mimi sikuwa naukumbuka, mpaka juzi.

Kilichonimaliza ni hiki. Picha hii ya 1993, iliyojitangaza yenyewe kuwa ni hadithi ya mapenzi ya ukatili, India iliipa tuzo ya taifa ya filamu pendwa yenye burudani safi. Burudani SAFI, wakuu! Kifungu cha kumwadhibu mtu anayemwandama mwanamke kilikuja kuingia kwenye sheria zao za jinai 2013, miaka 20 baadaye, tena baada ya watu kumwagika barabarani kwa lile tukio la Delhi la Desemba 2012, la binti kubakwa na kundi la wanaume ndani ya basi.

Na asije mtu hapa na "ni filamu tu, mkuu". Mdogo wangu wa kike alibadilisha laini tatu kwa sababu ya jamaa aliyekuwa akimsubiri kituo cha daladala kila jioni, mvua jua. Alipomweleza shangazi yetu, akajibiwa: "Mwanangu, una bahati wewe, wenzio wanatafuta wa kuwapenda hivyo." Shangazi huyohuyo Jumamosi ndiye aliyepiga kigelegele cha kwanza.

Mods, uzi ukae hapahapa kwenye filamu. Mkiuhamishia jukwaa la mapenzi tutagombana.