Shahidi alimwona mhalifu usoni, anakoseaje?

Mdadisi: Wakuu, Ronald Cotton wa Marekani alikaa ndani zaidi ya miaka 10 kwa ubakaji, vinasaba vikamtoa 1995. Mwathirika alikuwa amemkazia macho mbakaji makusudi, ili amkumbuke. Kosa liliingilia wapi?

Mzee wa Faili: Kwenye utambuzi. Alimchagua Cotton kwenye picha, kisha akamwona tena kwenye gwaride la utambuzi (watu wanapangwa mstari, shahidi amchague mhusika), na kati ya wote waliopangwa ni Cotton peke yake aliyekuwemo kwenye zile picha. Sura ya picha ikafunika sura ya usiku ule. Baadaye mhalifu halisi aliletwa mahakamani, hakumtambua! Huyu mama hakudanganya hata chembe, naomba tusimtukane.

Nuru: Gwaride lisimamiwe na askari asiyejua mshukiwa ni yupi. Wajazaji, yaani wasioshukiwa wanaopangwa pamoja naye, wasipungue watano, wafanane na maelezo ya shahidi. Ukiweka mwenye kovu mmoja tu, umeshamwonyesha wa kuchagua. Aambiwe mapema kwamba mhusika huenda hayupo. Akichagua, andika papo hapo ana uhakika kiasi gani, kwa maneno yake. Ukitangulia kumwambia "vizuri", uhakika unapanda, na mahakamani ndio utakaosikika.