Mrejesho: kamba wa siagi na kitunguu saumu

Wadau, mimi ndiye niliyeuliza kwa nini kamba wangu wanatoka wagumu kama ndala na kitunguu saumu kinaungua. Jana nimechukua nusu kilo pale soko la samaki la Feri, nikawamenya, nikawafuta kwa kitambaa mpaka wakakauka. Kumbe kosa lilikuwa hapo: nilikuwa nawatosa na maji yao, wanachemka badala ya kukaangika. Safari hii kikaango kilipata moto kwanza, mafuta kidogo, dakika moja na nusu kila upande. Walipojikunja na kupata rangi ya waridi nikapunguza moto, ndipo siagi na kitunguu vikaingia, sekunde 30 tu, nikakamulia ndimu. Chumvi ilizidi, nilisahau siagi ilikuwa nayo tayari. Lakini baba watoto kafuta sahani kwa mkate! Na wewe uliyenijibu kwamba wapikwe dakika kumi, ndugu yangu, hapana.