Lygia Clark: je, saikoanalisia ilimtoa kwenye sanaa?

Swali
Wanajukwaa, salaam. Ninasoma habari za Lygia Clark, msanii wa Brazili aliyezaliwa Belo Horizonte mwaka 1920. Kazi zake za "Bichos", zile sanamu za vipande vya chuma vilivyoungwa kwa bawaba ili mtazamaji azikunje mwenyewe, ninazielewa. Linalonitatiza ni miaka yake ya mwisho, alipokuwa akiwalaza watu kwenye godoro na kuwawekea mwilini mifuko ya maji, hewa na mchanga. Je, hiyo bado ni sanaa, na saikoanalisia, yaani tiba ya mazungumzo inayochunguza mawazo yaliyofichika akilini, inaingiaje?

Jibu la kwanza
Inaingia kupitia maisha yake mwenyewe. Akiwa Paris mwanzoni mwa miaka ya 1970, alifanyiwa saikoanalisia na Pierre Fédida, mtaalamu Mfaransa wa tiba hiyo, wakati huohuo akifundisha chuo kikuu cha Sorbonne. Mwaka 1973 alibuni "Baba antropofágica", na tafadhali usilisome jina hilo kwa Kiswahili, kwa kuwa "baba" ya Kireno ni udenda. Mtu mmoja hulala chini, wenzake wakamzunguka, kila mmoja akiwa na kibiringo cha uzi mdomoni. Wanauvuta uzi uliolowa mate na kumdondoshea taratibu mpaka utando unamfunika. Wazo hilo lilitokana na ndoto aliyoiota, nami naona hapo ndipo ulipo uzito wake: badala ya kuichora ndoto ukutani, aliwapa watu waipitie kwa vinywa vyao.

Jibu la pili
Naongezea kuhusu godoro. Aliporejea Rio de Janeiro mwaka 1976 alianza vikao vya mtu mmoja mmoja, na katika vikao hivyo mshiriki alishika jiwe dogo kiganjani muda wote, ili mawazo yakimpeleka mbali awe na kitu halisi cha kumrudisha. Wengi huvilinganisha vifaa hivyo na nadharia ya Donald Winnicott, daktari wa watoto na mwanasaikoanalisia wa Uingereza, kuhusu kitu ambacho mtoto hukikumbatia anapojifunza kutengana na mama yake. Ulinganisho huo unasaidia, lakini tusisahau kwamba Clark hakuwa tabibu kwa mafunzo. Alichokuwa nacho ni mikono iliyozoea kuunda vitu.

Jibu la tatu
Ndugu muulizaji, jaribu kazi yake "Pedra e ar" (jiwe na hewa) ya mwaka 1966 kabla ya kuamua. Jaza hewa kwenye mfuko wa plastiki, ufunge, weka jiwe dogo kwenye pembe yake, kisha uubane na kuulegeza kwa viganja viwili. Mimi nilifanya hivyo: jiwe lilipanda na kuzama mithili ya kifua cha mtu aliyelala, na bila kukusudia nikajikuta ninapumua kwa mwendo wake. Kwa sababu hiyo huniuma kuona mifuko hiyo ikiwekwa ndani ya kabati la kioo, mahali ambapo hakuna awezaye kuigusa. Kwangu mimi Clark hakuiacha sanaa. Aliitoa kwenye kitu akaihamishia kwa yule anayekishika.